Muhuri Juu ya Meli ya Kaizari

Stempu walizozitoa Wajerumani mwaka 1901 kwa Afrika Mashariki zina picha ya Hohenzollern, meli ya fahari ya Kaizari. Ngalawa za Kivukoni, Dar es Salaam, hazimo, wala mnazi hata mmoja. Meli hiyohiyo ilibandikwa kwenye barua za Samoa, Togo na Kameruni. Kilichobadilika ni jina la koloni na fedha. Stempu za pesa, sarafu iliyokuwa sehemu ndogo ya rupia, ni ndogo, zimesimama, na meli imekaa mshazari. Za rupia zimelala, na meli inajinyoosha ubavu mzima: anayelipa zaidi ndiye anayeonyeshwa zaidi. Mwaka 1905 pesa ikaondoka, heller ikaingia. Meli haikutikisika.

Wakusanyaji wengi hupenda stempu iliyoguswa na muhuri pembeni tu. Mimi naitaka iliyogongwa katikati. Picha ilichapwa Berlin. Muhuri wa Daressalam uligongwa hapa, siku yenye tarehe, na mkono wa mtu. Duara lile la wino likitua juu ya milingoti, mji wetu unaingia kwenye stempu kwa kuiharibu picha, na hauna mlango mwingine.

Waingereza walipouteka mji Septemba 1916, nao walitumia wino. Mwaka 1917 walichukua stempu za Afrika Mashariki na Uganda zenye sura ya Mfalme George wa Tano, wakazipiga chapa G.E.A., yaani Afrika Mashariki ya Kijerumani. Mshindi amebeba jina la aliyeshindwa! Utawala umeshafika, jina lake bado.

Jina lilikuja na twiga wa 1922, na huyo ndiye ninayemwonea fahari. Juu yake imeandikwa Tanganyika, mfalme hayumo, na fremu imemkata shingo. Mwanafalsafa Maurice Merleau-Ponty, katika kitabu chake cha 1945 kuhusu utambuzi, alieleza kwamba upande wa kitu usioonekana nao tunao tayari tunapokitazama. Twiga huyu anaishi kwa kanuni hiyo. Jicho linammalizia kifua, miguu, kisha nyika anayoikanyaga. Mtazamaji anapewa kazi ambayo Hohenzollern, iliyokamilika ncha hadi ncha, haikumpa.

Mwaka 1927 mfalme alirudi. Naye kakatwa shingoni, lakini hakuna anayeutafuta mwili wake. Jicho linampita, linakwenda kusoma bei.