Matuta Matatu Ndani ya Jiwe

Wachimbaji wa Alnif, mji mdogo wa kusini-mashariki mwa Moroko, hawatafuti mnyama. Wanatafuta mstari. Jiwe la chokaa likipigwa nyundo likapasuka, trilobiti aliyemo ndani hajitokezi mzima na macho yake na miiba yake, kama tunavyomwona kwenye makabati ya makumbusho. Kinachoonekana ni ukingo tu wa gamba lake, pale ufa ulipomkata: mstari mweusi kwenye jiwe la kijivu, mwembamba kuliko ukucha, na mara nyingi mfupi kuliko kidole. Asiyejua angelitupa jiwe hilo kwenye kifusi. Mchimbaji analigeuza kwenye jua, pengine analilowesha kidogo ili rangi ikolee, kisha anaufuata mstari kwa macho. Ukipanda na kushuka mara tatu, anaokota na kile kipande cha pili, na hata vipande vidogo vilivyoruka, maana huenda kimojawapo kimeondoka na mwiba.

Kupanda na kushuka mara tatu ndilo jina lenyewe. Mwaka 1771 mtaalamu wa Kijerumani Johann Ernst Immanuel Walch aliwaita wanyama hawa Trilobita, yaani wenye matuta matatu, na jina likashika mpaka leo. Wengi hudhani matuta hayo ni kichwa, kiwiliwili na mkia. Sivyo. Sehemu hizo anazo kweli, lakini Walch alihesabu kwa upana: tuta la kati linalotoka kichwani hadi mkiani, na tuta moja kila upande, yakitenganishwa na mifereji miwili. Ndiyo maana ukimkata trilobiti kwa upana wa mwili, utakutana na vilima vitatu. Kabla ya hapo watu walibahatisha. Mwishoni mwa karne ya 17 Edward Lhwyd alichora trilobiti wa Llandeilo, huko Wales, akamwita samaki bapa. Linnaeus naye alimhesabu miongoni mwa wadudu wa mawe. Napenda jina la Walch kwa sababu halidai kumjua mnyama huyu ni nani. Linasema umbo lake tu, na umbo ndilo analolihitaji fundi mwenye jiwe mkononi.

Trilobiti waliishi baharini, na baharini tu. Wa kwanza wanaonekana kwenye miamba ya miaka takriban milioni 521 iliyopita. Wa mwisho walitoweka miaka kama milioni 252 iliyopita, katika maangamizi yaliyofagia sehemu kubwa ya viumbe vya bahari. Spishi zilizokwisha kuelezwa ni zaidi ya 20,000. Wale wa Alnif ni wa kipindi cha Devoni, miaka inayokaribia milioni 400 iliyopita, wakati jangwa hilo lilipokuwa sakafu ya bahari. Gamba lao lilikuwa la kalsiti, na hapo ndipo taabu ya ufundi wa kuwatoa kwenye jiwe inapoanzia, kwa sababu jiwe la chokaa lililowazunguka nalo kwa sehemu kubwa ni kalsiti. Asidi ya kuyeyusha jiwe ingemyeyusha na mnyama. Hakuna dawa ya kuwatenganisha wawili hawa. Kuna chuma, vumbi na jicho.

Kazi yenyewe huanza kinyume na mtu anavyotarajia. Jiwe lililotoka kupasuliwa linagundishwa tena. Fundi anasafisha nyuso mbili za ufa, anatia gundi nyepesi isiyoacha unene, anabana mpaka ufa ufungike. Trilobiti amezikwa upya, na sasa ataingiliwa kutoka juu, mahali ambapo jiwe halijaguswa. Mtu anaweza kuuliza kwa nini asipitie kwenye ufa, ambako gamba tayari linaonekana. Lakini ufa ulimkata ovyo, nusu huku na nusu kule, na kinachoonekana hapo ni unene wa gamba wala si uso wake. Njia ya mgongoni ndiyo inayomtoa mzima.

Hapo fundi anatakiwa awe na mnyama kichwani. Kwa mstari ule mmoja, na kwa upana wa vilima vyake vitatu, anakadiria ni spishi gani, kichwa kimeelekea wapi, amelala kifudifudi au chali, amenyooka au amejikunja. Trilobiti wengi waliweza kujikunja kama jongoo aliyeguswa, mkia ukafika chini ya kidevu, na huyo jiwe lake huondolewa kwa mpango mwingine kabisa. Wengine si maiti hata kidogo. Trilobiti alijivua gamba kila alipokua, na magamba mengi yaliyomo maweni ni hayo yaliyoachwa: shavu limechomoka, kichwa kimegeuka upande. Fundi akishikilia kwamba mnyama amekamilika, atachimba pale ambapo hapana kitu, na akiwa na tamaa atakiumba hicho kitu.

Tindo ndogo inayoendeshwa kwa hewa ya kompresa hugonga maelfu ya mara kwa dakika, na huondoa jiwe haraka mpaka ibaki kama milimita moja juu ya gamba. Mwenye haraka huharibu hapo. Jiwe likiwa jema, huachana na gamba lenyewe: punje inaruka, na chini yake pameng'aa peusi, na vinundu vya mgongoni vimesimama kila kimoja mahali pake. Likiwa baya limeng'ang'ania, na kila punje inataka kuondoka na ngozi. Basi tindo inawekwa chini. Inachukuliwa sindano, au ile mashine ya kupuliza unga kwa mdomo mwembamba usiofika milimita moja. Mashine hiyo iliingia kazini miaka ya 1940 kwa madaktari wa meno, ambao baadaye waliiacha kwa muda mrefu. Watu wa visukuku hawakuiacha.

Unga nao una elimu yake. Kwenye kipimo cha Mohs cha ugumu wa madini, kalsiti ina 3. Bikaboneti ya sodiamu, ile ile inayotiwa kwenye keki, ina kama 2.5, kwa hiyo hupapasa tu na gamba hubaki salama. Dolomiti ina kati ya 3.5 na 4. Hiyo huweza kulila gamba lenyewe, na anayeitumia hupunguza nguvu ya hewa na hasimami sehemu moja. Kuna pia unga wa chuma kwa jiwe sugu. Chini ya hadubini fundi anaona vumbi likiruka na rangi ikibadilika, kijivu kikielekea kahawia, kahawia kikielekea weusi. Mabadiliko hayo ya rangi ndiyo breki yake. Anayeendelea kupuliza baada ya weusi kutokea anaanza kufuta alichokuja kukitoa.

Halafu kuna miiba. Dicranurus ana pembe mbili zinazotoka kisogoni na kujiviringa kuelekea nyuma. Walliserops ana uma wa ncha tatu unaochomoza mbele ya kichwa, mrefu kiasi cha kushangaza kwa mnyama wa sentimita chache, pamoja na miiba juu ya macho na kwenye mgongo. Yote hiyo ni kalsiti ile ile, mingine myembamba kama sindano, na fundi anataka isimame angani bila jiwe chini yake. Akiuachia mwiba mapema, mtetemo wa tindo upande wa pili utaukata. Kwa hiyo huacha vidaraja vya jiwe, huvitegemea mpaka kazi nzito yote iishe, kisha hurudi kuviondoa kwa unga kimoja kimoja. Mwiba ukivunjika, na huvunjika, kipande huokotwa kwa kibano na kugundishwa pale pale, na kazi husimama mpaka gundi ikauke. Trilobiti mwenye mgongo laini huenda akamaliza saa chache. Mwenye miiba hula makumi ya saa, na wapo wanaovuka mia.

Macho yanastahili kusimuliwa peke yake, kwa sababu nayo ni jiwe. Lenzi za trilobiti zilikuwa za kalsiti, na kwa jamaa za Phacops kila lenzi imekaa mbali na jirani yake, kubwa kiasi cha kuonekana bila hadubini, zikiwa zimepangwa kwa safu. Erbenochile wa Moroko amezidi wote. Jicho lake ni mnara ulionyooka, lenzi zikipandana hadi 18 kwenda juu, na juu ya mnara kuna ukingo uliotokeza nje mithili ya kofia. Mwaka 2003 Richard Fortey na Brian Chatterton walieleza kwamba ukingo huo ulizuia mwanga wa kutoka juu usizitatize lenzi, na kwamba mnyama mwenye kofia ya namna hiyo lazima alikuwa akitembea mchana. Hoja nzuri, na yote imesimama juu ya ukingo wa gamba ambao tindo ikiteleza mara moja tu ungekwenda na vumbi. Aliyeutoa ukingo ule jiwe kwa jiwe, akaacha lenzi zote mahali pake, ndiye aliyewapa wataalamu cha kufikiria.

Naye jina lake halimo popote. Walliserops ni heshima kwa Otto Walliser, Erbenochile kwa Heinrich Erben, wote wasomi wa Kijerumani. Sioni ubaya wasomi kuheshimiana. Lakini desturi ya kutaja spishi, ambayo huandika jina la mtaalamu aliyeieleza na mwaka alioieleza, haimtaji fundi, na kibao cha makumbusho ambacho kina nafasi ya kuandika tabaka la mwamba na kijiji kingekuwa na nafasi pia ya kumwandika mtu aliyekaa na jiwe hilo wiki nzima. Mahali pengine mwandaaji wa visukuku ni mwajiriwa wa makumbusho mwenye cheo na mshahara. Katika milima ya Moroko wengi ni watu waliochimba mtaro wao wenyewe kwa mkono, wakifuata tabaka moja jembamba la jiwe ubavuni mwa mlima, kisha wakajifunza kwa kutazamana.

Soko nalo limeleta hila zake. Kuna trilobiti wa plastiki ngumu waliomiminwa kwenye kalibu na kubandikwa juu ya jiwe halisi. Kuna waliounganishwa kichwa cha huyu na mkia wa yule. Kuna miiba iliyochongwa kwa lipu ya magari. Kwenye bandia viputo vya hewa huonekana chini ya lenzi, na macho yake huwa uvimbe mtupu usio na safu. Hila hizo hazinikasirishi kama inavyonikasirisha kazi ya mkono hodari iliyomaliziwa kwa uongo mdogo: mnyama wa kweli, aliyetolewa vizuri, mwiba wake mmoja ukakosekana, fundi akautengeneza na kuupaka rangi asiseme. Kutengeneza si dhambi. Palipotengenezwa paonekane.

Kuna wakati elimu ilidai kinyume cha ufundi huu wote. Miaka ya 1870, karibu na Trenton Falls katika jimbo la New York, kijana Charles Walcott alitaka kujua kama trilobiti walikuwa na miguu, maana gamba la mgongoni ndilo lililokuwa likionekana siku zote. Aliwasaga. Alikata trilobiti waliojikunja, akawasugua mpaka wakawa vipande vyembamba vya kupitisha mwanga, akasoma vivuli vya miguu ndani yake. Miguu ilikuwepo. Siku hizi mionzi ya eksirei hufanya kazi hiyo bila kumgusa mnyama: mwaka 2024 ulitangazwa ugunduzi wa trilobiti kutoka Atlas ya Juu, Moroko hiyo hiyo, waliofunikwa na majivu ya volkano wakiwa hai, na miguu na midomo yao ikasomwa kwenye kompyuta wakiwa bado ndani ya mwamba. Ni kazi ya ajabu. Ila eksirei huhitaji tofauti kati ya mnyama na jiwe, na pale ambapo kalsiti imezama ndani ya kalsiti, sindano bado haijastaafishwa.

Uma wa Walliserops ulibishaniwa kwa miaka. Wengine walisema ni wa kuchokolea mchanga, wengine wa kujilinda. Kisha akapatikana Walliserops mmoja mwenye ncha nne. Mfikirie fundi aliyekuwa akimtoa. Anajua spishi hii ina ncha tatu. Amekwisha kutoa tatu, na kando yake rangi ya jiwe inaanza kubadilika tena mahali ambapo hapakupaswa kuwa na kitu. Angeweza kuichukulia kuwa taka, akaipuliza. Angeweza kuikata ili mnyama afanane na wenzake, na mnunuzi asiulize maswali. Aliifuata mpaka mwisho wake. Mwaka 2023 Alan Gishlick na Fortey waliandika kwamba mnyama huyo mwenye kilema alikua hadi utu uzima, jambo ambalo lisingewezekana kama uma ungekuwa chombo cha kulia chakula. Wakaulinganisha na pembe ambazo madume ya mbawakawa wa leo hupiganishana nazo kugombea majike, wakasema kwamba huo ndio ushahidi wa zamani zaidi unaojulikana wa ugomvi wa aina hiyo.