Ufundi wa Kunasa Mchezo Bila Kuugusa

Skrini ya kawaida ya kompyuta ina nukta 1,920 kwa upana na 1,080 kwa kimo, yaani zaidi ya milioni mbili kwa jumla. Kila nukta huhitaji baiti tatu za rangi: moja ya nyekundu, moja ya kijani, moja ya buluu. Mchezo unaokwenda vizuri huchora picha nzima upya mara 60 kila sekunde. Ukipiga hesabu unapata baiti milioni 373 kwa sekunde moja, na saa moja ya kucheza ingekula zaidi ya terabaiti 1.3. Diski nyingi za nyumbani zingejaa kabla mashindano ya jioni moja hayajaisha. Kwa hiyo kila anayerekodi mchezo amekwisha kubali, ajue asijue, kutupa sehemu kubwa mno ya kilichopita mbele ya macho yake. Ufundi wenyewe uko hapo: kuamua mapema nini kitupwe na nini kibaki, kabla hujajua mtazamaji wa kesho atakuja kutafuta nini.

Wachezaji wa mwanzo walilikwepa tatizo hilo kwa werevu wa kupendeza. Mchezo wa Doom, uliotolewa na kampuni ya id Software ya Marekani mwezi Desemba 1993, uliweza kuhifadhi rekodi isiyo na picha hata moja. Faili lake liliandika amri za mchezaji tu, mara 35 kwa sekunde: amekwenda mbele, amegeuka kushoto, amefyatua. Aliyetaka kutazama alilifungua faili hilo ndani ya Doom yake mwenyewe, na mchezo ukaigiza upya kila kitu kuanzia hatua ya kwanza. Faili lilikuwa dogo kiasi cha kuenea kwenye disketi. Miaka mitatu baadaye mchezo wa Quake ulihifadhi taarifa ambazo seva ilikuwa ikimtumia mchezaji, na mwaka huohuo wa 1996 kundi la wachezaji la Rangers likatumia rekodi za namna hiyo kutengeneza Diary of a Camper, filamu fupi inayohesabiwa miongoni mwa za kwanza kabisa kuchezwa ndani ya gemu.

Udhaifu wa rekodi hizo ulikuwa mmoja na mzito. Ziliutegemea mchezo usibadilike. Faili la Doom likifunguliwa kwenye toleo lisilolingana nalo, mchezaji aliyerekodiwa huanza kuparamia kuta na kupiga risasi hewani, kwa kuwa amri zake ni zilezile lakini ulimwengu unaozipokea si uleule. Na michezo ya mtandaoni ya siku hizi hubadilika kila baada ya wiki chache: silaha hupunguzwa nguvu, ramani huondolewa, seva huzimwa moja kwa moja. Mechi ya mwaka juzi haina tena mahali pa kuigizwa. Kilichobaki ni kunasa picha yenyewe.

Kwa muda mrefu kazi hiyo ilikuwa ya Fraps, programu ya Australia iliyotoka mwaka 1999. Video nyingi za michezo za miaka ya mwanzo ya YouTube zina anwani yake juu ya picha, kwani toleo la bure liliibandika hapo na kukata rekodi kila baada ya sekunde 30. Fraps haikuibana sana picha. Iliimwaga kwenye diski karibu kama ilivyo, na diski za wakati ule, ambazo ni sahani zinazozunguka, zilihema. Toleo lake la mwisho lilitoka mwaka 2013, na wakati huo dunia ilikuwa imeshahamia kwingine.

Kilichoihamisha ni kipande kidogo cha saketi. Mwaka 2012 NVIDIA ilianza kuweka kwenye kadi zake za picha sehemu maalumu isiyochora kitu chochote. Kazi yake ni kubana video tu. Mwaka uliofuata ikaja ShadowPlay, programu ya kurekodi iliyoitumia sehemu hiyo, na PlayStation 4 ikaingia sokoni na kitufe cha kuhifadhi dakika 15 zilizopita. Hilo la pili linastahili kusifiwa. Awali ilibidi mtu abashiri kwamba jambo kubwa linakuja, ndipo abonyeze kurekodi. Sasa mashine inakumbuka yenyewe robo saa iliyopita, na mchezaji anaamua baada ya goli kufungwa.

Ama kuhusu kuchagua programu, mjadala hurefushwa bila sababu. Anayetaka vipande vifupi vya kuwarushia rafiki zake anatosheka na kile ambacho tayari kimo kwenye mashine: Game Bar ya Windows, iliyoanza na Windows 10 mwaka 2015, au kifaa cha kampuni iliyounda kadi yake ya picha. Anayetaka kutawala kila kitu huenda kwa OBS Studio. Hugh Bailey aliianzisha mwaka 2012, ni ya bure, na msimbo wake uko wazi kwa yeyote anayetaka kuusoma au kuurekebisha. Hakuna anwani inayobandikwa juu ya picha, hakuna kikomo cha dakika. Ni vigumu kukitaja chombo kingine kilichompa kijana asiye na fedha uwezo ambao zamani ulihitaji studio nzima ya televisheni.

Lakini OBS ikifunguliwa mara ya kwanza huonyesha dirisha jeusi tupu, na wengi hukata tamaa hapohapo. Inasubiri kuambiwa picha itoke wapi. Kuna njia tatu: kunasa skrini nzima, kunasa dirisha moja, au kunasa mchezo wenyewe. Ya kwanza ni rahisi na ni ya hatari, kwa sababu kila kinachotokea kwenye skrini kinaingia, pamoja na meseji ya mtu ambaye hakutarajia kusomwa na umma. Ya tatu ndiyo bora kwa gemu nyingi. Inajiunga ndani ya mchezo na kuchukua picha pale inapotoka kuchorwa. Kujiunga huko kunafanana na mbinu za wadanganyifu, ndiyo maana mifumo ya kuzuia udanganyifu huitilia shaka. Mwaka 2020 Counter-Strike: Global Offensive ilianza kuzuia programu za nje zisijiunge nayo, na waliozoea kunasa kwa njia hiyo wakajikuta na dirisha jeusi hadi walipobadili njia au kuongeza amri ya ruhusa wanapouwasha mchezo.

Weusi huohuo huwatesa wenye kompyuta mpakato zenye kadi mbili za picha, moja dhaifu ya kuokoa betri na nyingine yenye nguvu ya michezo. Ikiwa OBS inaendeshwa na moja na mchezo unachorwa na nyingine, havionani. Dawa iko kwenye mipangilio ya Windows, sehemu ya michoro, ambako kila programu hupangiwa kadi yake. Kunasa mchezo kunataka vyote viwili viwe kwenye kadi moja.

Kisha inakuja enkoda, yaani kile kinachobana picha. Enkoda haihifadhi kila picha nzima. Huhifadhi moja kamili mara mojamoja, na katikati yake huandika mabadiliko tu, kama mwenye duka anayeandika kilichoingia na kilichotoka badala ya kuhesabu ghala zima kila jioni. Kwa hiyo menyu iliyotulia ni nyepesi, ilhali mchezaji anayekimbia kwenye nyasi ndefu huku moshi umetanda ni mzigo mkubwa, kwani hakuna nukta inayobaki palepale. Anayerusha mubashara hulazimika kuweka kiasi kimoja cha data kwa sekunde, kwa kuwa intaneti yake ina mwisho. Anayerekodi kwenye diski hana sharti hilo, naye hufanya vyema kuchagua ubora usiobadilika: aiambie enkoda iwe na kiwango kilekile cha usafi, itumie data nyingi nyasini na kidogo kwenye menyu. Kwa wastani wa megabiti 40 kwa sekunde, saa moja huchukua gigabaiti 18 hivi. Linganisha na ile terabaiti 1.3. Jicho halioni tofauti kubwa, na huo ni ushindi wa hesabu ambao watu hawausifu vya kutosha.

Tena ni busara kazi hiyo ipewe ile sehemu maalumu ya kadi ya picha badala ya prosesa. Prosesa inahitajiwa na mchezo, na rekodi safi ya mchezo unaokwamakwama haimfai mtu yeyote.

Kuna mpangilio mmoja ambao msomaji wa Dar es Salaam au Kinshasa atauelewa haraka kuliko wa Stockholm: aina ya faili. Faili la MP4 la kawaida huandika faharasa yake mwishoni, rekodi inapofungwa. Umeme ukikatika dakika ya 50, faharasa haikuandikwa, na dakika zote 50 zinabaki rundo la data lisilofunguka. MKV haina tabia hiyo. Kilichorekodiwa hadi umeme ulipokatika kinachezeka. OBS yenyewe hugeuza MKV kuwa MP4 baada ya kazi, kwa muda mfupi na bila kupunguza ubora hata chembe, kwa kuwa inahamisha tu yaliyomo.

Sauti nayo hudharauliwa hadi imeharibika. OBS huweza kuandika njia sita za sauti ndani ya faili moja, na mtaalamu huzitumia: mchezo njia yake, maiki njia yake, mazungumzo ya wenzake njia ya tatu. Kikohozi kilichotokea wakati wa goli hufutwa bila kugusa shangwe ya uwanja. Zikichanganywa tangu mwanzo, hakuna wa kuzitenganisha vizuri.

Wengi wa wachezaji wa Afrika Mashariki, hata hivyo, hucheza kwenye simu. Android iliruhusu programu kurekodi skrini mwaka 2014 kupitia toleo la 5.0, lakini sauti ya ndani ya mchezo iliruhusiwa mwaka 2019 tu, kwa Android 10. Katikati hapo rekodi zilitegemea maiki ya simu, na video za gemu ya Free Fire za miaka ile zina feni, jogoo na honi za bodaboda. iPhone ilipata kirekodi chake cha ndani mwaka 2017, Android mwaka 2020. Adui mkubwa wa simu ni joto: ikichora, ikibana na kuandika kwa pamoja, hupashika moto na kujipunguzia kasi. Kushusha rekodi hadi kimo cha nukta 720 na picha 30 kwa sekunde huupa mchezo nafasi ya kupumua. Hali ya Usisumbue iwashwe kabla ya mechi, la sivyo ujumbe wa M-Pesa utashuka juu ya skrini na salio lote litaonekana. Mwenye kompyuta na waya wa USB anaweza kutumia scrcpy, programu ya bure ya Genymobile iliyotoka mwaka 2018. Simu bado ndiyo inayobana picha, lakini faili linakaa kwenye kompyuta.

Umuhimu wa umakini wote huu ulidhihirika kwenye mchezo wa Donkey Kong. Billy Mitchell wa Marekani alikuwa amewasilisha kanda za alama zaidi ya milioni moja, zikakubaliwa na Twin Galaxies, watunza rekodi za michezo. Mwaka 2018 wachunguzi walizikagua picha moja baada ya nyingine, wakaangalia namna nguzo za jukwaa zinavyojitokeza hatua moja inapobadilika kuwa nyingine, wakahoji kwamba mashine halisi haizichori hivyo. Alama zake ziliondolewa. Mitchell alikana na kwenda mahakamani, na Januari 2024 pande hizo zikapatana, alama zikarudishwa kwenye kumbukumbu za kihistoria. Mzozo wote ule ulisimama juu ya sehemu ndogo za sekunde ambazo mrekodi hakuwa na sababu ya kuzifikiria.

Siku hizi wanaoshindana kumaliza mchezo kwa kasi hukutana na kanuni zinazodai video nzima isiyokatwa, mara nyingi na sauti ya mchezo ikisikika. Sauti inatakiwa kwa sababu ya kiufundi: vipande viwili vikiunganishwa kwenye skrini nyeusi ya mpito, jicho hupitwa, lakini muziki huruka pigo.