Mshtakiwa Mbele ya Kamera: Hoja Kuhusu Sanaa ya Abbas Kiarostami

Abbas Kiarostami alizaliwa Tehran mwaka wa 1940, akasomea uchoraji, na filamu zake za awali akazitengeneza katika taasisi ya malezi ya watoto na vijana. Alifariki Paris mwaka wa 2016. Hayo ya wasifu yatutosha. Kinachotushughulisha hapa ni filamu yake ya 1990, Close-Up.

Kisa chenyewe kilitokea. Hossain Sabzian, maskini aliyeihusudu mno sinema, alijisingizia kwa familia moja ya Tehran kuwa ndiye Mohsen Makhmalbaf, mwelekezi mashuhuri. Akashtakiwa kwa ulaghai. Kiarostami aliingiza kamera mahakamani, kisha akawafanya mshtakiwa na walalamishi waigize upya yaliyowapata. Je, ni haki msanii kuigeuza aibu ya mnyonge kuwa sanaa? Wapo watakaouita huu unyonyaji, na hoja yao si ya kupuuzwa. Hata hivyo, jibu limo katika fani yenyewe: Sabzian anapewa muda mrefu wa kujieleza, uso wake ukijaza kiwambo, hata mtazamaji akasahau kuhukumu.

Tuitazame pia tamati. Makhmalbaf halisi anapomlaki Sabzian aliyefunguliwa, sauti inakatikakatika kana kwamba kipaza sauti kimeharibika (hila ya mwelekezi, bila shaka). Sabzian analia. Wawili hao wanapanda pikipiki, wananunua maua, na maneno yao mengi hatuyasikii. Kamera iliyothubutu kuingia mahakamani sasa inawafuata kwa mbali.