Radhi na Ukimya katika Utendi wa Mwana Kupona

Ni rahisi kwa msomaji wa leo kuuona utendi huu, uliotungwa na Mwana Kupona binti Mshamu mnamo 1858 kumuusia bintiye Mwana Hashima, kuwa mwongozo wa mke aliyefungamana na mtesi wake. Usomaji huo unastahili kupimwa kabla ya kukubaliwa.

Dutton na Painter, waliolifafanua fungamano la mateso mnamo 1981, walitaja masharti mawili: nguvu zisizolingana baina ya wahusika, na ukatili unaokuja kwa vipindi, ukipokezana na upole. Sharti la kwanza limo katika utendi bila shaka. Siku ya kiyama mume huulizwa atakalo, na kwa neno lake mke huenda peponi au motoni. Sharti la pili halimo. Hakuna kipigo, wala toba inayofuata kipigo. Isitoshe, mtunzi anasimulia kuwa yeye na mumewe waliishi kwa furaha na mzaha, na kwamba mume alipofariki alimwachia radhi. Anayemwita Mwana Kupona mateka, basi, analeta kovu kutoka nje ya matini.

Hata hivyo, hatuwezi kuishia hapo. Binti anaagizwa asimjibu mume anenapo, ajitahidi kunyamaa. Na amtunze kama mtoto asiyejua kusema. Tashibihi hii ndiyo kitovu cha suala letu. Wapo wanaoiona kuwa kejeli ya chini kwa chini, kwamba bwana mwenye ufunguo wa pepo ameshushwa akawa kitoto. Kejeli hiyo tunaikubali, ila kwa maoni yetu haimkomboi mke. Mlezi wa mtoto wa namna hiyo hubashiri haja kabla haijatamkwa, na hana wasaa wa kuzitazama haja zake mwenyewe. Huku ndiko kutegemeana kunakodhuru: mmoja hapevuki, mwingine hapumziki, na kila mmoja anamhitaji mwenziwe abaki alivyo.

Tofauti hii ina uzito darasani. Mwalimu akiufundisha ukimya huo kama adabu tupu, mwanafunzi anayeishi na mtesi halisi huenda akaambulia agizo la kuvumilia. Naye mama alitunga akiwa mgonjwa, akimwonya binti kuhusu ndoa isiyojulikana bado; aliupata mfano wake kwa mume mpole, kisha akauamuru kwa mume yeyote.