Wilbroda Alifaa Kujua

Mzaha wa Papa Shirandula mnaujua. Papa, aliyeigizwa na marehemu Charles Bukeko, anatoka nyumbani na suti, anafika kazini, anavaa yunifomu ya soja. Mkewe, Wilbroda, anaamini ameolewa na mtu wa ofisi. Utotoni tulikuwa tunacheka hadi chai inamwagika.

Nilidhani tunamcheka Papa. Siku hizi nikirudia vipande vyake kwa simu naona kitu kingine: tumekalishwa upande wa mume. Tumepewa siri yake, kwa hivyo tumekuwa wenzake. Wilbroda akiuliza swali, swali la kawaida kabisa la mke, sisi ndio tunaingiwa na wasiwasi asije akagundua. Ajabu ni kwamba soja ni mume, lakini anayeonekana kama polisi wa nyumba ni mke.

Jacqueline Nyaminde hakumwigiza Wilbroda kama mjinga. Akiingia, sebule yote ni yake. Shida ni kwamba alipewa sauti kubwa, hakupewa habari. Bila yeye kutojua, mzaha hausimami.

Hii stori inaniuma kwa sababu niliwahi kuiishi. Kazi yangu iliisha, na kwa wiki 3 nilitoka kila asubuhi na begi mgongoni, nikashinda bustani ya Jeevanjee hadi jioni. Nilijiona mjanja. Jioni moja mke wangu, akikata sukuma, akaniuliza bila kuinua macho, "Baba Amani, leo Jeevanjee kulikuwa na jua?"

Kumbe alijua tangu wiki ya kwanza. Viatu vya ofisi havirudi na nyasi. Alikuwa ameshaanza kununua mafuta ya kupima, kimyakimya, akiningoja niseme mwenyewe. Na alikuwa amekasirika pia, msidhani ni malaika. "Ulidhani nitakucheka?" Sikuwa na jibu. Ukweli ni kwamba nilidhani hivyo, na sehemu ya hofu hiyo niliitoa kwa TV, ambako mke akijua ukweli kinachofuata ni kelele tu.

Waandishi wetu wa vichekesho wana kipaji, hilo sibishi. Lakini ningependa kuona kipindi ambacho mke anajua kuanzia dakika ya kwanza, nasi tumekaa upande wake, tukingoja mume aseme. Nina hakika tungecheka bado. Mimi ningecheka, ingawa kwa aibu kidogo.