Hongera Waongozaji wa Kuruwitu

Wapo watalii wanaosafiri hadi Matamata, New Zealand, kutembezwa katika kijiji kilichojengwa kwa ajili ya filamu za The Lord of the Rings. Finding Nemo, filamu ya mwaka 2003 kuhusu samaki wa matumbawe, haikuacha kijiji, maana ilitengenezwa kwa kompyuta. Lakini ulimwengu wake upo kweli, na Kuruwitu, pwani ya Kilifi, wapo watu wa kukupeleka ukauone.

Maji yakipwa, mwongozaji hukuvisha miwani, hukufundisha kupumua kwa mrija, kisha mnaelea taratibu juu ya matumbawe. Anakuonyesha kwa kidole: samaki mdogo mwenye mistari myeupe ametulia katikati ya minyiri ya anemoni, ambayo sumu yake huwafukuza wengine lakini yeye humlinda. Pembeni pono anaguguna mwamba na kuusaga kuwa mchanga. Nawe umeshaonywa mapema: usikanyage, usiguse, usiokote.

Onyo hilo lina historia. Mwaka 2003 wavuvi na wakazi, walipoona samaki wanapungua, waliunda chama chao, na mwaka 2005 wakatenga hekta 30 zisivuliwe. Kwa mvuvi, kufunga bahari inayomlisha ni uamuzi mzito. Samaki walirudi, na mwaka 2017 Umoja wa Mataifa ukakitunuku chama hicho Tuzo ya Equator.

Hongereni sana, subira ya jamii yenu imevuta heri. Apitaye Kuruwitu na aingie majini pamoja nanyi, awasikilize, na awalipe kwa moyo mkunjufu.