Seu Jorge: Mahadhi ya Mwingine, Maneno Yake

Jina lenyewe lina habari. Jorge Mário da Silva, aliyezaliwa mwaka 1970 Belford Roxo, karibu na Rio de Janeiro, ajulikana kwa jina la Seu Jorge; na "seu" katika Kireno cha Brazil ni mkato wa "senhor", kama Mswahili asemavyo "Bwana". Alikuwa kijana ndugu yake alipouawa. Jamaa wakatawanyika, naye akalala njiani miaka kadha, mpaka alipopokewa katika michezo ya kuigiza. Katika filamu Cidade de Deus (2002) alicheza Mané Galinha, mtu mpole ambaye kisasi chamtia bunduki mkononi. Mpole huyo hageuki ghafula. Uso wajifunga kidogo kidogo, na hapo ndipo ulipo ustadi wa mchezaji.

Lililomtangaza kwa mataifa, hata hivyo, ni The Life Aquatic with Steve Zissou ya Wes Anderson (2004). Humo ni baharia mwenye gitaa, aimbaye nyimbo za David Bowie kwa Kireno. Wako waziitao tafsiri. Si tafsiri. Mahadhi ni ya Bowie, bali maneno mengi ni mapya, na mara nyingi hayaelekei hata maana ya asili. Wala hakuwa na njia nyepesi: Kiingereza kina wingi wa maneno ya silabi moja, Kireno hakina, na mwenye kufasiri neno kwa neno angalifurika mizani. Watunzi wa tarabu wa Mombasa, waliotia mashairi ya Kiswahili katika mahadhi ya filamu za Kihindi, waliijua shida hiyo. Kazi ya namna hii haipimwi kwa uaminifu wa maana. Yapimwa kwa kukaa kwa neno juu ya sauti pasipo kulazimishwa, na kwa kipimo hicho Jorge ashinda. Bowie mwenyewe alizisifu.

Aibu ni ya filamu. Mtu huyu ana maneno machache ya kusema, na ayaimbayo hayafasiriwi kwa mtazamaji. Kireno chageuzwa harufu ya bahari tu, na mwimbaji pambo la merikebu. Santuri ya mwaka 2005, yenye nyimbo hizo, ndiyo iliyomtendea haki.

Tofauti yaonekana katika Marighella ya Wagner Moura, iliyoonyeshwa Berlin mwaka 2019 na kufika majumba ya sinema ya Brazil mwaka 2021 tu. Hapo Jorge ni Carlos Marighella, mwanamapinduzi aliyeuawa São Paulo mwaka 1969, naye apewa maneno tele: ahutubia, abishana, amwonya mwanawe. Sauti ile ile nzito, safari hii haina gitaa la kuiegemea.